Amplifaya Isiyo na Tundu la Maiki

Amplifaya yangu ya zamani iliuawa na kicheni pati. Nasema iliuawa kwa sababu haikufa kwa uzee. Ilishushwa ngazi ikiwa hai, imebebwa na vijana waliokuwa wakicheka, ikapandishwa kesho yake ikinuka kama jiko la mishikaki, na juu ya kifuniko chake kuna duara la soda lililokauka. Jirani yangu wa chini, mama wa bibi harusi, alisimama mlangoni pangu na kitenge chake kipya, akaniambia, "Shemeji, jamani, imezima yenyewe."

Yenyewe! Kana kwamba ilikuwa imechoka kuishi na mimi.

Kwa asiyejua mambo ya fleti zetu za Upanga, nieleze. Mtu akiwa na amplifaya hapa, si yake. Yeye ni mlinzi tu wa mali ya jumuiya. Kukiwa na msiba, hodi, tunaomba redio. Kukiwa na maulidi, hodi. Kipaimara, hodi. Hata mkutano wa wapangaji kuhusu maji ya tenki, ambako watu hawafiki kumi na wote ni wapiga kelele kwa kuzaliwa, lazima kuwe na maiki. Na huwezi kukataa, maana utaitwa mchoyo mpaka siku ya mazishi yako, nayo siku hiyo watakuja kuazima kwa mtu mwingine.

Marehemu mke wangu ndiye aliyewazoesha. Mke wangu alikuwa mtu wa kuwahi. Hodi ya mtu haijaisha, yeye ameshajibu karibu. Ombi halijafika nusu, ameshasema chukueni. Nilikuwa nikimsimulia kichekesho anacheka kabla sijafika penyewe, kisha ananiuliza, "Enhe, ikawaje?" Alipofariki niliendelea kuazima watu redio kwa ajili yake, huku nimekunja uso. Baada ya kicheni pati ile sikuazima tena, kwa sababu hakukuwa na cha kuazima, na jirani wa chini nikaacha kumsalimia zaidi ya ile "salama" ya kwenye ngazi.

Sasa niseme kwa nini jambo hili liliniuma kiasi hicho, maana mtu mzima hawezi kununiana na mwanamke jirani kwa sababu ya boksi la waya.

Mke wangu aliimba kwaya kanisani kwetu, sauti ya pili, mstari wa nyuma. Kwaya yao iliwahi kurekodi kaseti, enzi hizo kaseti zikiuzwa mlangoni baada ya ibada. Katika wimbo mmoja kuna mahali vyombo vinanyamaza, kwaya inavuta pumzi, halafu wote wanaingia kwa neno "Amkeni." Basi kabla wote hawajaingia, kuna mtu mmoja ameshaingia. Unasikia "A" nyembamba peke yake, halafu ndipo kwaya nzima inakuja na "Amkeni" yake. Hiyo "A" ni mke wangu. Umeme ulikuwa wa kubahatisha siku ile ya kurekodi, hawakuweza kurudia, na kosa likabaki humo. Mwalimu wa kwaya alimlaumu kwa miaka. Mimi nilimtania kwa miaka. Na alipoondoka, nikagundua kwamba katika nyumba nzima, pamoja na picha zote na vitenge vyote kabatini, mahali pekee ambapo mke wangu bado yupo kama alivyokuwa ni pale, kwenye ile herufi moja. Sehemu nyingine ya kaseti ni kwaya tu. Pale ni yeye.

Siku ya mazishi kwaya ileile iliuimba wimbo uleule kaburini. Walipofika pale pa kuvuta pumzi niliinua kichwa. Wakaingia wote pamoja, sawasawa, safi kama wembe mpya. Mwalimu wa kwaya akafumba macho kwa kuridhika. Nilimchukia mtu yule siku ile, na sijaona sababu ya kuacha.

Kwa hiyo amplifaya ilipouawa, nilikuwa nimenyang'anywa ile "A." Spika zangu zilipona, ni mbao tupu, za zamani, zinapendeza. Deki ya kaseti nayo ilipona, kwa sababu bibi harusi hakuwa na haja nayo. Kilichokosekana ni cha katikati. Binti yangu, anayeishi Mbeya na kutatua matatizo yote kwa simu, akaniambia, "Baba, kaseti ya nini? Wimbo wenu si uko mtandaoni? Kwaya wameuweka." Akanitumia. Nikauweka sikioni, nikasubiri pale mahali, sikusikia kitu. Nikalaumu simu. Ni kasauti kadogo, nilijiambia, hakawezi kupita kwenye tundu la simu. Nitafute amplifaya.

Nilijua ninachotaka. Nilitaka amplifaya ndogo, kila kitu ndani ya boksi moja, ya kukaa kwenye rafu kando ya Biblia. Isiwe na taa. Isiwe na rimoti. Na zaidi ya yote, nilitaka isiwe na tundu la maiki. Huo ndio ulikuwa ujanja wangu, na niliuonea fahari sana. Amplifaya isiyo na tundu la maiki haifai msibani, haifai harusini, haifai kwenye mkutano wa maji. Atakayekuja kuiazima nitamgeuzia mgongo wa boksi ajionee mwenyewe, na dhambi ya uchoyo haitanigusa.

Basi nikashuka Kariakoo.

Niliwahi kuwa msahihishaji wa prufu katika kiwanda cha uchapaji hapa mjini. Kazi yangu yote ilikuwa kusaka makosa ya watu kabla hayajatoka nje. Kazi hiyo humharibu mtu. Mpaka leo siwezi kupita mtaani bila kugombana kimoyomoyo na vibao vya maduka. Kwa mtu wa namna yangu, duka la redio Kariakoo ni mahali pa mateso. Kila boksi limeandikwa uongo. Boksi jepesi kuliko birika, linaloinuliwa kwa kidole, limeandikwa wati ambazo zingetosha kuendesha kinu cha saruji. Picha iliyo juu yake ni ya familia ya Kizungu inayocheka kwenye sofa jeupe, kana kwamba mtu anaweza kucheka karibu na kitu kile.

Na kelele. Kila duka limetoa sabufa mlangoni, na kila sabufa inashindana na ya jirani yake. Wote wanatumia flashi ileile yenye nyimbo zilezile, maana hakuna anayeuza muziki, wanauza mtetemeko. Wazee walisema debe tupu haliachi kutika, lakini hawakuwahi kuona debe tupu lililowekewa taa za kijani na bluu.

Muuzaji wa kwanza alinipokea kwa adabu, nikiri. "Shikamoo mzee wangu."

"Marahaba. Natafuta amplifaya ndogo."

"Umefika. Cheki hii sabufa mzee, mdundo wake noma. Inapiga mpaka Magomeni wanaamka."

"Sina ugomvi na watu wa Magomeni. Nimesema amplifaya. Spika ninazo."

"Amplifaya peke yake?" Alinitazama kama mtu aliyeingia buchani kuulizia ngozi. "Mzee, hizo mambo za zamani. Siku hizi vyote vinakuja pamoja."

Hata hivyo alikuwa nayo moja, nyeusi, yenye matundu ya maiki mbele kama pua za nguruwe. Nilimwambia ninataka kusikia wimbo wangu mwenyewe. "Unganisha blutuzi," akasema, na ndivyo walivyosema wote baada yake, kwa hiyo nilitumia simu kila mahali. Nikauweka wimbo wa kwaya. Ibada ikaingia ndani ya duka lile, na kabla mashairi hayajaanza muuzaji akanyoosha mkono, akazungusha kitufe cha besi mpaka mwisho. Nilikirudisha. Akakizungusha tena. "Mzee, bila besi haina utamu." Akanishika kiganja bila kuniomba, akakibandika juu ya spika. "Gusa. Si inatetemeka?"

Ilikuwa inatetemeka. Na ndivyo watu hawa wanavyopima sauti, kwa kiganja na kifua. Masikio wanayo, lakini nadhani ni ya kushikilia miwani ya jua. Nilisubiri pale pa kuvuta pumzi. Kwaya ikaingia, safi. Mke wangu hakuwepo.

"Haisikii," nikamwambia.

"Haisikii nini?"

"Basi tu. Haisikii."

Duka la pili lilikuwa la mtu wa Kilimanjaro, ambaye hakuwa na muda wa kuniamkia kwa sababu alikuwa anauza kwa jumla, na mtu anayenunua moja alikuwa kwake kama nzi aliyeingia kwa bahati mbaya. Alinionyesha kwa kidevu. Niliposema sitaki tundu la maiki alicheka. "Mzee, unataka kulipia kitu pungufu?" Nikamwambia ndiyo, upungufu ndio ninaoulipia. Akatikisa kichwa, akamgeukia mteja wa Kongo aliyekuwa akihesabu maboksi. Nikaunganisha simu mwenyewe. Pale pa kuvuta pumzi nikafumba macho nisikilize vizuri. Kwaya, safi. Nikatoka bila kuaga, naye hakugundua.

Nilizunguka hivyo kwa siku kadhaa, nikishuka asubuhi kabla jua halijakolea na kurudi Upanga kwa bajaji adhuhuri nikiwa na kichwa kinachogonga. Nilisikiliza amplifaya zenye vioo na zenye milango, na nyingine ilinikaribisha kwa sauti ya mwanamke wa Kichina. Kuna moja ilikuwa nzuri kwa macho kiasi kwamba nilitaka kuisamehe, lakini nayo ilipofika pale ikanyamaza kama wenzake. Kila niliyoijaribu niliihukumu papo hapo: kiziwi. Nilitoka na dharau iliyozidi ya jana. Nilidharau viwanda vilivyozitengeneza, meli zilizozileta, bandari iliyozipokea. Nilidharau mji mzima wa watu wanaotaka kifua kitetemeke na hawajali nani anaimba. Nilifika mahali pa kuamini kwamba mke wangu angesikika katika amplifaya yoyote ya haki, na kwamba katika Bongo hii yote haki haikuwepo.

Na kusema kweli niliogopa. Usiku niliokuwa nikimsikiliza kwenye deki na amplifaya yangu ya zamani ulikuwa umeshakuwa mbali. Nilianza kujiuliza kama ile "A" niliisikia kweli, au niliizoea tu kutokana na utani wetu.

Amplifaya niliyoinunua niliipata ghorofani, kwenye jengo moja la kuelekea Msimbazi, katika duka la mwanamke aliyekuwa akiuza vyombo vya jikoni. Sufuria, blenda, pasi, mitungi ya chai. Kontena lake lilikuja na mtumba wa Ulaya uliochanganyika, na vitu asivyovijua alikuwa amevipanga chini, karibu na mlango. Niliiona kwa sababu alikuwa ameitumia kuzuia mlango usijifunge. Ilikuwa boksi la rangi ya fedha iliyofifia, upana wake kama Biblia ya maandishi makubwa. Mbele ilikuwa na kitufe kimoja kikubwa cha sauti, kingine cha kuchagua, na kitaa chekundu kisichozidi punje ya mtama. Hapakuwa na tundu la maiki. Niliinama nikaigeuza. Nyuma matundu ya waya, mekundu na meupe, yamejaa vumbi. Ilikuwa nzito. Kitu cha ukweli huwa kizito.

"Hii inaimba?" nikauliza.

"Sijui," akasema yule mama, akiendelea kuifuta blenda. "Ukiinunua utajua."

"Siwezi kununua nisichokisikia."

"Basi niachie, mlango unaihitaji."

Niliwahi kukutana na wauzaji wengi wasiojua wanachouza, lakini huyu alikuwa wa kwanza kutojisumbua kunidanganya, na kwa Kariakoo hiyo ni heshima kubwa. Nilimwomba niijaribu. Akasema yeye hana redio ya kuijaribia, labda niichomeke kwenye umeme nione kama itatoa moshi. Blutuzi haikuwa nayo, ilikuwa ya kabla ya mambo hayo. Kwa hiyo simu yangu haikuwa na kazi pale. Ilinibidi nirudi nyumbani, nifunge deki ya kaseti katika shuka, nichukue spika moja, na kaseti yenyewe niitie mfukoni mwa shati, juu ya moyo, nikiibana kwa mkono njia nzima ndani ya bajaji. Ni nakala ya mwisho niliyonayo. Nyingine zote mke wangu aliazima watu, na mnajua watu.

Nilifunga waya juu ya kaunta, katikati ya sufuria. Yule mama alinisogezea soketi bila kuniangalia. Kitaa chekundu kikawaka. Kaseti ikaanza na ule mvumo wake kama wa mvua ya mbali, halafu kinanda, halafu kwaya. Haikutetemesha kitu. Hakuna kifuniko cha sufuria kilichogonga chenzake. Sauti zilisimama mahali pake, wanaume chini, wanawake juu, mwanamume mmoja akakohoa. Vyombo vikanyamaza. Wakavuta pumzi.

"A," akasema mke wangu, na ndipo wengine wote wakaingia.

Nilishika kaunta. Nilirudisha nyuma kidogo, nikasikiliza tena. Alikuwepo. Alikuwa ameingia mapema vilevile, kwa ule upesi wake, kama mtu anayefungua mlango kabla haujagongwa. Niliona aibu kulia mbele ya blenda, kwa hiyo nilijifanya nakagua waya.

Halafu kile kichwa changu cha kusaka makosa kikaanza kazi. Nilimwomba yule mama waya mwembamba wa kuunganisha simu na redio, akanipa mmoja kutoka kwenye droo. Nikaichomeka simu kwenye amplifaya ileile, spika ileile, nikauweka wimbo wa mtandaoni. Pumzi. Kwaya ikaingia, safi kama wembe.

Nilirudia mara mbili ili nisimwonee mtu. Kwenye kaseti yupo. Kwenye simu hayupo. Siku zile zote nilikuwa nikizihukumu amplifaya za Kariakoo kwa kushindwa kumtoa mtu ambaye hakuwemo. Ningepaswa, pengine, kurudi duka kwa duka kuziomba radhi. Sikurudi. Zilistahili kudharauliwa kwa sababu nyingine.

Nilinunua amplifaya. Yule mama akaweka pasi mbovu pale mlangoni badala yake.

Jumapili iliyofuata nilimsubiri mwalimu wa kwaya nje ya ukumbi wa kanisa baada ya ibada. Ni mtu mnene, msafi, mwenye leso iliyokunjwa pembe nne, na anazungumza na kila mtu kana kwamba anamfundisha kuimba. Nilimuuliza kuhusu wimbo ule wa mtandaoni. Uso ukamng'aa.

"Kaka, umeusikia? Umenyooka sasa, si ndiyo? Tuliupeleka studio. Vijana wana mashine siku hizi, wanasafisha kila kitu."

"Mmemtoa mke wangu."

"Hapana, hapana. Yumo. Anaimba mwanzo mpaka mwisho. Tumeondoa pale tu alipodakia."

"Pale tu," nikasema.

"Tulifikiria heshima ya marehemu, kaka. Haipendezi mtu ametangulia mbele za haki halafu watu waendelee kusikia kosa lake." Akaweka mkono begani pangu. "Wewe mwenyewe ulikuwa mtu wa kusahihisha. Unaelewa."

Ukistaajabu ya Musa utaona ya Firauni. Huyu mtu aliingia kwa mkasi mahali pekee ambapo mke wangu alikuwa amebaki, akamkata, akapanguza mkasi, na sasa alikuwa akingoja nimshukuru. Nilimwambia, kwa sauti ambayo iliwafanya akina mama wa kwaya wageuke, kwamba kati ya sauti zote za wimbo ule hiyo ndiyo pekee iliyokuwa na mtu ndani yake, na zilizobaki zilikuwa za kondoo. Sijutii. Ningeongeza, lakini pumzi ilinikatika.

Akajifuta jasho. Halafu, kwa kuwa yeye ni mtu wa mji huu, akauliza, "Kwani umesikilizia wapi mpaka ukagundua?"

"Kwenye amplifaya yangu mpya."

"Kumbe umepata nyingine!" Uso ukang'aa tena, kama hakuna kilichotokea. "Basi Mungu ni mwema. Jumamosi tuna tamasha la kwaya, na ile ya kanisa inakoroma. Ungetusaidia..."

"Haina tundu la maiki."

"Hata moja?"

"Hata moja."

Nimeishi miaka mingi na sidhani kama nimewahi kusema maneno mawili kwa furaha kama yale.

Nilirudi nyumbani kwa miguu. Amplifaya ilikuwa kwenye rafu tangu jana yake, nimeshaifunga waya, lakini sikuwa nimeipiga. Kaseti ya mwisho haichezwi ovyo, na sikutaka kuisikiliza nikiwa na hasira na yule bwana. Mchana ule niliona hasira haitapungua, bora nisikilize nayo hivyohivyo. Nilifungua madirisha kwa sababu ya joto. Nikakaa kwenye kiti changu, kile chake kikiwa wazi kando yangu. Kinanda, kwaya, kikohozi cha yule mwanamume. Pumzi. "A." Nikarudisha nyuma. "A." Nikarudisha tena.

Hodi ikagongwa.

Niliijua hodi ile. Ni hodi ya kiganja, si ya kidole. Jirani wa chini. Damu ikanichemka, sauti haijatulia ndani ya nyumba, wameshanusa! Nilikwenda mlangoni na jibu langu limeiva mdomoni, hata nilikuwa nimeamua nitaishikaje amplifaya nikimgeuzia mgongo wake. Nilifungua.

Alikuwa na khanga ya kupikia na mkono wenye nazi iliyokunwa. Hakusalimia. Alipenya pembeni yangu kama alivyokuwa akipenya enzi za mke wangu, akasimama katikati ya sebule, akaitazama spika.

"Shemeji," akasema, "huyo aliyedakia, si ni yeye?"

Mwanamke huyu si wa kanisa letu, si wa dini yetu. Hajawahi kuingia kwaya, hajui sauti ya pili ni nini. Anasikiliza taarabu kwa sauti ya juu na alichemsha amplifaya yangu mpaka ikafa. Yeye mwenyewe nilikuwa nimemweka pamoja na wale wa Kariakoo, watu wa kiganja na kifua.

"Umemjuaje?" nikauliza.

"Nimjueje!" Akacheka, machozi yakamlengalenga. "Kila jioni si alikuwa akiimba jikoni akifuatisha redio, mimi niko dirishani kwangu chini nakuna nazi? Anadakia hivyohivyo. Nilikuwa nikimwambia, shoga, wenzio bado. Ananiambia, watanikuta." Akajifuta jicho kwa mkono wa nazi, akabaki na chembe nyeupe shavuni. "Nimemsikia sasa hivi nikajua nimepagawa. Nimeacha chungu motoni. Hebu rudisha nyuma."

Nilikuwa bado nimeshika kitasa. Nilitaka kumwambia kuhusu soda juu ya kifuniko, na ile harufu, na neno lile, yenyewe. Nilikuwa nimeyaandaa kwa miezi. Nilikwenda nikarudisha nyuma.

Alikaa kwenye kiti cha mke wangu bila kuuliza. Hakuna aliyewahi kukikalia tangu msiba. Wimbo ukafika pale, vyombo vikanyamaza, na jirani yangu akavuta pumzi pamoja na kwaya, akafungua mdomo. Wakaingia pamoja, yeye na mke wangu, mbele ya kila mtu.

Hana sauti kabisa yule mama. Ananguruma kama mlango wa gereji.

"Tena," akasema.

Nikarudisha.